Onesmus Makau Kavoi, Aliyeileta Redio ya Meli Nchi Kavu

Wasifu huu umeandikwa na dada yake, Mbula Kavoi, kwa niaba ya familia. Unasomwa nyumbani Ngolanya, Mwala, Jumamosi tarehe 15 Machi 2008.

Marehemu Onesmus Makau Kavoi alizaliwa tarehe 14 Aprili 1962 hapa Ngolanya, mtoto wa tatu wa marehemu Mzee Kavoi Mutinda na Mama Syombua, ambaye tunaye leo. Mama husimulia kwamba mvua ya mwaka ule ilijaza mto, mkunga akabaki ng'ambo akipiga kelele za maelekezo, na nyanya yetu akamzalisha kwa kufuata sauti iliyotoka upande wa pili wa maji. Kwa hiyo Makau alikuja duniani kwa maagizo ya mbali. Mwenyewe alipenda sana kuisikia hadithi hiyo.

Alisoma shule ya msingi hapa kijijini na kufanya mtihani wa darasa la saba mwaka 1976. Alichapwa mara moja tu katika miaka hiyo yote, alipokutwa ameifungua redio ya mwalimu mkuu na kutandaza vipande vyake juu ya dawati. Mwalimu alipomaliza kumchapa alitazama vile vipande, akaona hawezi kuvirudisha, akamwambia, "Basi keti, umalize." Aliendelea na sekondari Machakos mjini, akafanya kidato cha nne mwaka 1980.

Mwaka 1981 alikwenda Mombasa kwa mjomba wetu. Alipata nafasi katika karakana moja ya Kilindini iliyokuwa ikitengeneza mitambo ya mawasiliano ya meli, na huko alikaa hadi 1994, karakana ilipofungwa. Mombasa ndipo alipojifunza redio ya ridhaa. Kwa wasiofahamu, watu wa redio ya ridhaa ni wale wanaozungumza hewani kwa mapenzi tu, bila mshahara wala biashara, mmoja Kenya na mwingine Japani, wakiulizana habari na hali ya hewa. Huwezi kuifanya kiholela. Makau alifanya mtihani wa serikali na kupewa leseni mwaka 1990. Leseni hiyo aliilipia na kuihuisha kila mwaka hadi mwaka huu aliokufa. Nalisema hili mapema kwa sababu mtaona linahusu nini.

Baada ya Mombasa alihamia Nairobi, akafungua kibanda cha fundi wa redio na televisheni Kawangware. Huko ndiko alikofahamiana na Filister Achieng', aliyekuwa akiuza samaki, na ambaye redio yake ilikuwa ikiharibika kila wiki kwa namna ambayo hakuna fundi mwingine aliyeweza kuielewa. Makau alipokwenda kwao Mbita kujitambulisha, baba yake Filister, Mzee Jeconia, hakumuuliza habari za ng'ombe wa mahari. Aliingia ndani, akatoka na redio iliyokuwa imekufa siku nyingi, akaiweka mbele yake. Makau aliifungua palepale uani. Ilipowaka ilikuwa saa ya matangazo ya vifo, na jina la kwanza kutangazwa lilikuwa la rika lake Mzee. Jeconia akasikiliza hadi mwisho, kisha akasema, "Kijana, umenifufulia redio ukaniulia rafiki." Lakini alikubali. Walifunga ndoa tarehe 12 Agosti 1995. Baba yetu hakuhudhuria harusi ile, kwa kuwa bibi harusi ni Mjaluo. Alikuja kumpenda Filister baadaye, na alipokuwa mgonjwa ni Filister aliyemwosha. Wapo wazee hapa walioliona hilo kwa macho yao. Ningependa walikumbuke leo.

Mungu aliwajalia watoto wawili, Lavender, aliyezaliwa 1996, na Billy, aliyezaliwa 1999. Waliishi Kambi Muru, Kibera, kwa sababu Filister alikuwa na wateja wake huko, na Makau alikuwa akitembea kila asubuhi kwenda Kawangware kibandani.

Redio ya meli ilikuja mwaka huo huo wa 1999. Msimamizi wake wa zamani wa karakana alimwita kwenda kuitoa katika meli ya uvuvi iliyokuwa ikivunjwavunjwa Mombasa. Ilikuwa nzito kama mtoto wa miaka mitatu, imeliwa na chumvi pembeni, na Filister alipoiona alisema, "Baba Lavender, sisi tuna bahari gani hapa Kambi Muru?"

Mtambo kama huo hutoka kiwandani ukiwa umefungwa. Unasema kwenye masafa ya meli tu, na masafa ya watu wa ridhaa haukubali kuyagusa. Makau aliutafuta ule ufungo kwa wiki kadhaa, akakuta ni kidude kimoja kidogo kwenye kibao cha ndani, hakizidi punje ya mchele. Alikikata mguu mmoja, na redio ikafunguka. Hapo kazi ilikuwa bado. Meli husema kwa upande wa juu wa wimbi, na wenzake aliotaka kuwafikia husema kwa upande wa chini, hivyo wangemsikia kama mtu anayesukutua maji kooni. Alilehemu na kulehemua hadi redio ikakubali pande zote mbili. Kisha ikabaki shida ya bahari, ile aliyoisema Filister kwa mzaha. Antena ya meli hutegemea maji ya chumvi chini yake ndipo sauti iende mbali. Makau hakuwa na maji ya chumvi. Alikuwa na mabati. Aliomba ruhusa kwa wapangaji wote wa ploti, akaunganisha mabati ya paa zao kwa nyaya, na paa la Kambi Muru likawa bahari yake. Alipomaliza aliwaita wakaguzi wa serikali. Walikuja, wakaupima mtambo, wakaupitisha.

Siku ya kwanza alipouwasha kwa nguvu zake zote ilikuwa Jumapili. Kanisa la Pasta Shivachi lilikuwa jirani, na vipaza sauti vya kanisa vikalidaka lile wimbi. Katikati ya maombi kukatoka sauti kama ya bata anayekabwa. Pasta akaikemea kwa jina la Yesu, ikanyamaza. Akashukuru. Ikaanza tena. Waumini walikuwa wamekwisha kulala chini wakitetemeka, Makau alipofika mlangoni, kofia mkononi, akasema, "Pasta, samahani. Huyo pepo ni mimi." Aliusogeza waya wake wiki ile ile, akakitengeneza na kipaza sauti cha kanisa. Pasta Shivachi yuko hapa nasi. Kila mara alipokutana na Makau alimsalimia, "Niaje, pepo?"

Kwa redio hiyo alipata marafiki wengi. Wa karibu zaidi alikuwa Mzee Nyongesa wa Bungoma, mstaafu wa posta. Walizungumza kila jioni kwa miaka minane bila kuonana uso kwa uso. Wameonana jana. Mzee Nyongesa alipofika alimkuta rafiki yake ndani ya sanduku.

Sasa nafika mahali ambapo kamati ya mazishi ilinishauri niandike kwamba marehemu "aliugua kwa muda mfupi". Wajumbe walinijia kwa upole. Walisema nchi inapona, kwamba viongozi wamepeana mikono, na kwamba mazishi si mahali pa kufukua mambo. Nimewasikiliza. Makau hakuugua. Makau alipigwa, na nitasema alivyopigwa.

Matokeo ya kura yalipotangazwa tarehe 30 Desemba, Kibera iliwaka. Mnajua. Maduka yaliungua au yalifungwa, kadi za simu zikakosekana, ujumbe wa kutuma kwa watu wengi ukazuiwa, na televisheni ikakatazwa kuonyesha mambo moja kwa moja. Watu walikuwa na ndugu Eldoret, Kakamega, Naivasha, na hakuna aliyejua nani yu hai. Makau aliwasha redio ya meli kwa betri ya lori, akamwita Nyongesa. Bungoma kadi za simu zilikuwa bado zinapatikana. Wakapatana hivi: Makau angemsomea majina, Nyongesa angepiga simu, au angepanda baiskeli yake kwenda kuuliza kwenye makanisa na hospitali, kisha angerudi hewani na jibu.

Watu walijaa mlangoni. Walikuja Wajaluo, Waluhya, Wakamba, Wakisii, Wanubi, na hata Wakikuyu wachache waliokuwa wamefichwa na majirani. Makau aliweka sharti moja. "Hapa tunauliza nani yuko wapi na hali yake," aliwaambia. "Nani alimfanyia nini, hiyo pelekeni kwingine." Mama Christine, jirani wa mlango wa pili, alikuwa hajui alipo binti yake tangu Krismasi. Nyongesa alimkuta Christine kanisani Webuye, akamtafutia njia ya kufika hewani, na mama akasikia sauti ya mwanawe ikitoka kwenye redio ya meli, ikilia, "Mama, nimekula, usijali, nimekula." Mama Christine alikaa chini kwenye simiti.

Jirani mwingine alikuwa Wabwire, fundi wa viatu. Kaka yake alikuwa amepotea Eldoret. Nyongesa alimpata hospitalini, mguu umefungwa bandeji, yu mzima. Makau alipompa habari hiyo, Wabwire alimkumbatia mbele ya watu wote. "Makau, wewe si fundi, wewe ni ndugu," alisema. Filister aliyasikia maneno hayo. Watoto waliyasikia.

Kisha, mwezi Januari ukiendelea, wanasiasa wa kutoka huku kwetu waliingia katika serikali ambayo Kibera ilikuwa ikiipinga, na Mkamba wa Kibera akalala jirani akaamka msaliti. Makau hakuwa amemwomba mtu yeyote aingie popote. Tarehe 16 maandamano yalianza, polisi wakaingia vijiji vya Kibera wakipiga risasi, na vijana wakafa. Wenzao wakatafuta nani aliyewaambia polisi pa kupita. Wakainua macho, wakaona waya.

Walikuja asubuhi ya Ijumaa, tarehe 18 Januari. Filister alisimama mlangoni. Aliongea nao kwa Kijaluo, kisha kwa Kiswahili ili wote waelewe.

"Mama, wewe ni wetu," mmoja alimwambia. "Toka kando. Hatuna maneno na wewe."

"Kama mimi ni wenu, huyu ni wenu pia. Ni baba ya watoto wangu."

"Huyo ni polisi. Hiyo redio ni ya jeshi."

"Ni ya kuvua samaki!" Filister alipiga kelele. "Ni redio ya meli ya samaki! Ulizeni mtu yeyote hapa! Nani hapa hajaitumia?"

Milango ya ploti ilikuwa imefungwa. Watu walikuwa ndani, Filister aliwasikia wakipumua. Mama Christine peke yake ndiye aliyetoka, na akasukumwa akaanguka. Wakamvuta Filister kwa nywele. Wakamtoa Makau nje, wakaleta na ile redio, wakaivunja kwa mawe mbele yake kwanza, kisha wakamgeukia yeye. Wakang'oa nyaya juu ya mabati, wakamfunga nazo. Billy aliyaona yote kutoka chini ya kitanda, mlango ukiwa wazi. Ana miaka minane.

Aliyewaonyesha mlango alikuwa Wabwire. Makau alimwona. Wiki zote alizolala kwangu hakumtukana hata siku moja, ila alirudia jambo moja kwa mshangao, kama fundi aliyeshindwa kupata hitilafu. "Lakini Mbula," aliniambia, "Wabwire anajua hiyo redio ni ya nini." Wengine wamenieleza kwamba Wabwire alitishwa, kwamba angekataa wangemchoma yeye. Huenda. Mimi sina namna ya kujua. Najua tu kwamba kaka yake amerudi nyumbani na anatembea kwa mkongojo.

Pasta Shivachi na waumini wawili walimpakia Makau kwenye mkokoteni, wakamfunika kwa magunia ya makaa, wakamsukuma hadi Ayany ambako gari lilipatikana. Pasta alipoulizwa njiani amebeba nini alisema makaa. Hospitali walimshona kichwa, wakamfunga mbavu, wakamruhusu, kwa kuwa wodi zilikuwa zimejaa waliopigwa risasi. Akaletwa kwangu Riruta pamoja na Filister na watoto.

Mwenye ploti yangu ni mama mmoja anayeitwa Wamucii. Tumeishi naye vizuri, na binti yangu Yvonne humwita shosho, yaani nyanya kwa Kikuyu chake. Alikuja mlangoni, akawatazama, akaniita pembeni. "Mama Yvonne, mgonjwa akae," alisema. "Lakini huyo mama na watoto, siwezi. Vijana wa huku wakisikia nimeweka Mjaluo, watachoma hizi nyumba zote. Na wewe uko ndani." Alikuwa akilia. Alichosema kilikuwa kweli, nyumba zilikuwa zikichomwa hatua chache kutoka pale. Filister hakungoja nimwambie. Alimfunga Billy mgongoni ijapokuwa ni mtoto mkubwa, akamshika Lavender mkono, wakaenda kambi ya wakimbizi pale uwanja wa maonyesho wa Jamhuri. Kutoka kwangu hadi pale mtu mwenye afya hutembea bila kuchoka.

Hivyo ndivyo ndugu yangu alivyoishi hadi mwisho wake. Kibera hakuweza kurudi kwa sababu ni Mkamba. Mkewe hakuweza kuja Riruta kwa sababu ni Mjaluo. Aliyewatafutia watu jamaa zao kutoka Eldoret hadi Busia alikosa mtu wa kumvusha mkewe barabara. Walizungumza kwa simu Filister alipopata mahali pa kuchaji kambini. Makau alikuwa akishika simu kama maiki, akimaliza sentensi na kunyamaza ili mwenzake ajibu. Mara ya mwisho nilimsikia akisema, "Nakupata vizuri, Mama Lavender. Nakupata vizuri sana. Watoto wamekula?"

Mwezi Februari, Makau akiwa kitandani, alikuja afisa wa usalama aliyevaa kiraia. Alitaka kujua kwa nini Makau alikuwa na mtambo wa mawasiliano Kibera na kama alikuwa akiwapasha wahuni habari za polisi. Makau aliniomba nimtolee leseni. Afisa aliisoma pande zote mbili, akauliza mtambo wenyewe uko wapi. "Umevunjwa na wale unaosema nilikuwa nikiwasaidia," Makau alimjibu. Afisa aliandika kitu, akaondoka. Hakuuliza nani alimpiga. Hakuna afisa yeyote, mpaka leo, aliyeuliza nani alimpiga.

Maumivu ya kichwa hayakuisha. Kisha mkono wa kulia ukaanza kulegea. Alijaribu kulehemu redio ya Yvonne, risasi ya kulehemu ikamdondokea mapajani, akacheka, kisha akaiweka ile kazi pembeni na hakuigusa tena. Maneno yakaanza kumpotea. Alhamisi tarehe 28 Februari jioni aliacha kusema kabisa, na tulipokuwa tukimtoa nje kumpeleka hospitali, Riruta nzima ilikuwa ikipiga honi na vuvuzela, kwa kuwa viongozi walikuwa wametia sahihi mapatano. Wamucii alikuja mbio, uso umemng'aa. "Mama Yvonne, imekwisha! Sasa wifi yako anaweza kuja!"

Filister alifika hospitali asubuhi ya Ijumaa, Makau akiwa tayari ameingizwa chumba cha upasuaji. Daktari alisema damu ilikuwa ikivuja polepole ndani ya fuvu tangu siku aliyopigwa. Hakuamka. Alifariki Jumapili tarehe 2 Machi 2008, mkewe akimshika mkono ule uliolegea. Alikuwa na umri wa miaka arobaini na mitano.

Nimeambiwa kwamba vijana wale hawatashtakiwa, kwamba ni wengi mno, na kwamba nchi inataka kusonga mbele. Isonge. Ila isiniombe mimi niite kifo hiki ugonjwa.

Marehemu amemwacha mama yake, Syombua. Dada zake, mimi Mbula na Kalondu. Watoto wake, Lavender na Billy. Mpwa wake Yvonne. Baba mkwe wake, Mzee Jeconia, aliyetoka Mbita kwa barabara ambako vijana walikuwa wakimshusha kila kizuizi kumuuliza kabila, naye kila kizuizi akawajibu kwamba anakwenda kumzika mwanawe. Rafiki yake, Mzee Nyongesa. Na mjane wake, Filister Achieng' Makau.

Jina hilo la mwisho kulikuwa na walioomba lisichapishwe. Walisema udongo wa Ngolanya haujapoa, na kwamba mjane akae nyuma na watu wake ili wageni wasichukizwe. Limechapishwa. Limo katika kila nakala mliyoshika.

Makau, ndugu yangu, lala. Amani tuliyokunyima ukiwa juu ya ardhi, uipate chini yake.

Desturi yetu ni kwamba wazee wa ukoo ndio huanza kutia udongo. Leo wazee watasubiri. Filister, njoo mbele. Anza wewe.